Askari wa porini na mwenyeji wake

Desemba 1910 watu wanne wa kikosi cha polisi wa farasi wa Kanada waliondoka Fort McPherson kwenda Dawson, mwendo wa kilomita zaidi ya 700 za theluji. Kikosi hicho kilianzishwa 1873 na jina lake ni la farasi, lakini kule kaskazini walisafiri kwa mbwa. Siku chache walionyeshwa njia na mwenyeji wa kabila la Gwich'in, Esau George. Kisha mkuu wao, Francis Fitzgerald, akamrudisha. Njia ikawapotea, chakula kikaisha, wakala mbwa wao mmoja baada ya mwingine. Februari 1911 wote wanne walikuwa wameshakufa.

Kisa hiki nilikisoma nikiwa Mokowe, nangoja boti ya kuvukia Amu, kisiwa cha Lamu, na moyo wangu ukaenda kwenye msitu wa Boni, karibu na mpaka wa Somalia.

Msitu ule umejaa askari tangu operesheni ya 2015 dhidi ya al-Shabaab. Wanafanya kazi ngumu, na wengi wameuawa na mabomu yaliyofukiwa barabarani, Mungu awarehemu. Kuna wanaosema waletewe farasi, kama wale wanaofukuza wezi wa mifugo bara. Farasi hatadumu: mbung'o watammaliza. Msitu ule unataka miguu, na miguu inayoujua ni ya Waboni wa vijiji vya Basuba, Mangai na Mararani, watu wanaomfuata ndege mpaka kwenye asali.

Mzee mmoja wa Kiboni aliniambia, "Gari likipita, mwanangu, nyayo zote zimekufa." Yeye akiona unyayo anajua ni wa jana au wa leo, wa mchungaji au wa mtu aliyebeba mzigo mzito. Elimu hiyo haipatikani chuo chochote cha polisi. Na watu hawa hawa ndio waliozuiwa kuingia msituni kurina asali kwa sababu ya usalama! Hilo linaniuma sana. Mtoto asiyeingia msituni na babake atajifunzia wapi kusoma nyayo?

Wasiitwe siku ya shida kuonyesha njia, halafu wapewe nauli na kurudishwa kwao. Waajiriwe: mshahara kamili, sare, bima, na sauti wakati njia inapochaguliwa. Kijana wa Mangai akisema "hapa tusipite", afisa aliyetoka mbali asimame na amsikilize.