Wapenzi Wasiokutana na Tarumbeta la Miles Davis

Niliwahi kuiweka barazani, hapa Tanga, albamu ya Miles Davis, mpiga tarumbeta wa jazi wa Marekani, yenye muziki wa filamu ya Kifaransa ya Ascenseur pour l'échafaud. Kibao cha pili hakijaisha, hukumu ikatoka: "Hii si jazi." Nawaelewa. Mji huu umelelewa na bendi za Jamhuri Jazz na Atomic Jazz. Kwetu jazi ni magitaa yanayojibizana, saksafoni, na chemko la kuwainua watu vitini. Hapa tarumbeta linalalama peke yake, besi inatembea nyuma taratibu, na hujakaa sawa muziki umekatika.

Lawama hizo zina msingi. Albamu ya awali, vibao 10, haifikishi hata nusu saa. Ilirekodiwa Paris usiku wa kuamkia tarehe 5 Desemba 1957, wanamuziki watano wakitazama vipande vya filamu hiyo, iliyoongozwa na Louis Malle, na kubuni papo hapo; Miles aliwapa wenzake mwongozo mfupi tu. Muziki uliopimwa kwa picha lazima ukatike picha inapokatika. Kibao cha "Visite du vigile" ni besi na ngoma tu, na bila kumwona mlinzi akikagua jengo, nakiri, hakinipi kitu.

Kuna lawama nzito kuliko hizo. Toleo la baadaye lenye rekodi za usiku ule lilionyesha kwamba "Générique" na "Florence sur les Champs-Élysées" ni kibao kimoja, kilichopigwa mara nne. Ile ya tatu ikapewa jina moja, ya nne jina jingine. Mwenye kulipia albamu atauliza: nimeuziwa kitu kimoja mara mbili?

Mimi nasema hapo ndipo penye moyo wa kazi yenyewe. Florence, aliyeigizwa na Jeanne Moreau, anampenda Julien, na Julien amemuua mume wa Florence, kisha akanasa kwenye lifti. Mwanamke anazunguka mitaa ya Paris usiku kucha akimtafuta. Mwanzoni tunawasikia kwenye simu; baada ya hapo hatuwaoni pamoja, hadi mwisho tunapowaona kwenye picha za kamera tu. Filamu ya mapenzi ambayo wapenzi hawakumbatiani ila pichani! Mapenzi hayo yamebebwa na nini kama si tarumbeta? Na anayemsubiri mtu usiku ana wazo moja, linaondoka, linarudi, limebadilika kidogo. Mara nne ni chache. Mwimbaji wa taarab anapourudia mstari mmoja, kina mama huinuka kumtunza; sijasikia mtu akidai amepunjwa.

Wanaodai muziki wa filamu haujitegemei wawakumbuke wazee wetu waliojaza majumba ya senema kutazama picha za Kihindi. Wengi hawakujua Kihindi, lakini nyimbo zilitoka nao mlangoni, na vikundi vya taarab vikazitilia maneno ya Kiswahili. Kuhusu jina la jazi, kikundi cha Black Star cha hapa hapa Tanga kiliingiza gitaa la umeme, besi na midundo ya dansi kwenye taarab, na leo nani anakinyima jina la taarab?

Kosa langu siku ile lilikuwa kuweka muziki bila kisa. Nikirudi barazani nitaanza na mwanamke yule, simu yake, na ile lifti iliyosimama. "Générique" itafuata baada ya Isha, mtaa ukishatulia.