Mama Mkwe Alivyovuka Tope la Kilwa Kisiwani

Kwetu mkwe wa kiume hamgusi mama mkwe. Hampi mkono, haketi naye kochi moja, na wakikutana mlangoni mmoja anarudi nyuma mpaka mwenzake apite. Mimi na wa kwangu tumeishi hivyo kwa amani, tukisalimiana kwa umbali wa meza. Shikamoo mama. Marahaba baba. Kisha kila mtu anatazama upande wake. Kilichokuja kutuvuruga ni maji ya bahari.

Mama alikuja Kilwa Masoko kumwona mjukuu. Kwao ni bara, na bahari alikuwa ameizoea kwenye kalenda ya ukutani. Alipomaliza kumkagua mtoto, na mama yake, na sufuria za jikoni, alitoka barazani akaona kisiwa ng'ambo ya maji. Akauliza kile ni nini. Mke wangu akajibu kwa furaha kwamba hapo ndipo ulipokuwa mji wa masultani, Kilwa Kisiwani, watu wanatoka Ulaya kuja kuutembea, na mume wake atampeleka kesho. Mume wake alikuwa anakunywa chai.

"Kuna mwongoza watalii," aliniambia baadaye jikoni, kwa sauti ya chini. "Hamtakuwa wawili."

Mama mkwe wangu ni mweka hazina wa kikoba. Ukishajua hilo, mengine yote yanaeleweka.

Vibali tulikata siku hiyohiyo, na asubuhi saa moja tulikuwa majini. Mama alipanda mashua na mkoba, mwavuli wa matangazo ya bima, chupa ya chai, na viatu vyake vya kanisani. Nahodha alitutazama, akatazama maji, akasema neno ambalo mtu wa bara hulisikia likapita: "Leo bamvua." Akafafanua: siku za bamvua maji hujaa sana na kupwa sana. Yeye atatushusha upande wa Gereza, ile ngome ya zamani, sisi tutatembea magofu ya mjini, kisha tutakwenda kwa miguu hadi Husuni Kubwa, naye atazunguka kutuchukua huko chini ya jabali. Mwisho saa tatu. "Zaidi ya hapo maji yananikimbia."

Mwongozaji alikuwa kijana wa hukohuko kisiwani, mpole, anayeijua kazi yake. Alianza pale pale mchangani na hadithi ya mwanzo wa mji: Ali bin al-Hasan alikuja kutoka Shirazi, akakinunua kisiwa kwa mfalme wa bara, bei ikiwa kitambaa cha kutosha kukizunguka kisiwa chote.

"Doti ngapi?" mama akauliza.

Kijana akacheka. Mama hakucheka. Alitoa simu, akataka kujua mzunguko wa kisiwa, na kama kitambaa kilipimwa kwa kupita ufukweni au kwa kukata kona. Halafu akataka kujua mashahidi walikuwa nani. Hapo jua lilikuwa bado halijapanda vizuri na sisi tulikuwa hatujatoka kwenye mashua hatua ishirini.

Hadithi ikaendelea. Muuzaji alijuta, akapanga kurudi na jeshi, kwa sababu enzi hizo maji yakikupwa mtu aliweza kuvuka kwa miguu kutoka bara. Ali akawahi, akaichimba ile njia ili maji yasikauke tena.

"Kwa hiyo palikuwa na njia ya miguu," mama akasema polepole, "akaiharibu."

"Ndivyo wanavyosimulia, mama."

"Mharibifu."

Msikiti Mkuu ulimnyamazisha kwa muda. Hata mimi, ambaye nimepeleka wageni pale, huwa nashindwa kuongea ninapoingia. Zile kuba, zile nguzo za mawe ya matumbawe zilizopangwa safu kwa safu, na kivuli chake kilivyo baridi wakati nje kunaanza kuchoma. Kijana alieleza kwamba sehemu ya zamani, ya kaskazini, asili yake ni karne ya 11. Sultani al-Hasan bin Sulaiman akauongeza mwanzoni mwa karne ya 14. Nyongeza ile ikaja kubomoka, na hii tunayoiona ilijengwa upya karne ya 15.

"Ilibomoka?" Mama alifufuka. "Fundi alikuwa ameshalipwa yote?"

Kijana akasema habari hiyo haikuandikwa.

"Alilipwa yote," mama akaamua. Yeye ana fundi wa choo huko kwao aliyelipwa yote. Tukasikiliza habari za choo hicho kuanzia msingi hadi bati, chini ya kuba za karne ya 15, mpaka nikaona kijana anachungulia saa yake kwa adabu.

Kwenye habari za sarafu tulipoteza muda mwingine. Masultani wa Kilwa walikuwa na sarafu zao za shaba, zenye maneno yaliyotungwa kwa vina upande huu na upande huu. Moja ya huyo al-Hasan imepatikana Zimbabwe Kuu, maana dhahabu ya kule ndiyo iliyopita hapa ikielekea Uarabuni na India. Nyingine chache, mwaka 1944, ziliokotwa na askari kwenye kisiwa kimoja kaskazini mwa Australia. Kijana hupenda sana kufika hapo, huwa wageni wanashangaa.

"Zilifikaje?"

"Hakuna mwenye uhakika, mama."

"Mtu alikopa," mama akasema. "Akahama."

Tulitoka kijijini saa tatu ikiwa imeshapita. Njia ya Husuni Kubwa inapita kwenye mashamba na minazi, na mama alisimama kila shamba kusalimia. Hapo katikati ndipo kijana alipomleta Ibn Battuta, yule msafiri wa Morocco aliyefika Kilwa mwaka 1331 akausifu mji kwa uzuri na sultani kwa ukarimu. Sultani huyo, al-Hasan huyohuyo, walimwita Abu al-Mawahib, baba wa vipawa. Siku moja fukara kutoka Yemen alimwendea akamwomba nguo alizovaa. Alizovaa mwilini. Sultani akaingia ndani, akavua, akavaa nyingine, akamkabidhi.

Mama alisimama. Nami nikasimama, kwa umbali wa adabu.

"Umesikia, baba?"

"Nimesikia, mama."

"Alivua."

"Ndiyo, mama."

"Hakusema mwezi umekaa vibaya."

Hapo niseme kwamba kulikuwa na suala la tangi la maji. Mama alilitaja mara ya kwanza wakati wa Pasaka, na tangu hapo mwezi ulikuwa umekaa vibaya kila mwezi. Kijana wa watu hakuyajua hayo. Aliendelea mbele, akiamini kwamba ametusimulia jambo la kutufurahisha.

Husuni Kubwa ndiyo iliyomaliza ushahidi. Ni jumba la sultani huyohuyo, juu ya jabali, bahari yote chini yako. Vyumba zaidi ya 100. Ua wa baraza, maghala ya biashara, na katikati ya jumba birika la kuogea lenye pembe nane, limechongwa vizuri kiasi kwamba hata sasa, kavu na lenye majani, unaona mtu alivyoketi humo akiwaza bei ya dhahabu. Mama alilizunguka birika lile lote. Aliinama akapima kina kwa mwavuli. Akahesabu ndoo kwa sauti.

"Birika zima la kuogea," akasema, akiliambia jabali. "Mtu mmoja. Na wengine hatuna hata tangi."

Tulipochungulia chini kutafuta mashua, bahari haikuwepo.

Yaani ilikuwepo, mbali. Kati yetu na maji kulikuwa na mikoko, na baada ya mikoko tope, jeusi, linang'aa juani, na mwisho kabisa mashua yetu imetia nanga, nahodha amejilaza na kofia usoni. Saa tano kasoro. Kijana alimpigia simu. Nahodha alijibu bila kuinuka: maji yatarudi, tusubiri hadi saa nane hivi.

"Saa nane siwezi," mama akasema. "Dawa ya presha nimeiacha kwa binti."

Kwa watu wa pwani hilo si tatizo. Maji yakikupwa baharia anakuja, anainama, abiria anapanda mgongoni. Baharia akaja. Akainama.

"Mgongo huo mpelekee mama yako," mama akamwambia.

Baharia akanyooka, akaniangalia. "Basi mwanao akubebe."

"Huyu ni mkwe wangu."

Baharia akarudi hatua mbili na kusema samahani. Kila aliyekuwepo alielewa, na tukabaki tumesimama hapo, watu wanne na kikwazo kimoja.

Waliotuokoa walikuwa akina mama wanne waliotoka kuchokoa pweza, ndoo kichwani, kanga zimefungwa juu ya magoti. Walisikiliza shauri letu hadi mwisho. Mtoto akatumwa kijijini, akarudi na kiti cha plastiki cheupe, mguu mmoja umeshonwa kwa waya. Wakaomba pondo mbili za mashua, wakazipitisha chini ya kiti, wakafunga kwa kamba. Mama akakagua mafundo, akapatana bei, akaketi. Wakamwinua.

Mimi nilipewa mkoba, chupa ya chai, viatu vya kanisani, na kazi ya kushika mwavuli kwa nyuma ili jua lisimpige. Tope la mikokoni lina harufu ya yai viza. Linaanza kwenye kifundo, linatulia kidogo, halafu linapanda hadi gotini bila taarifa. Kandambili yangu ya kushoto ilibaki chini hapo mwanzoni kabisa, ya kulia ikaifuata baada ya muda kwa huzuni.

Na kijana, kwa kuwa ziara ilikuwa haijaisha, aliendelea kuongoza. Alisema Ibn Battuta kabla ya kufika Kilwa alipita Mogadishu, akamwona sultani wa kule akitembea chini ya vivuli vinne vya hariri, juu ya kila kivuli ndege wa dhahabu.

"Inua mwavuli, baba," mama akasema kutoka juu.

Nikainua. Alikuwa ameanza kustarehe. Aliwasalimia watu wa mtumbwi uliokuwa mbali huko, kwa mkono, taratibu. Akawauliza wabebaji kama kisiwani wana kikoba. Walikuwa nacho. Akauliza riba.

Mama wa nyuma upande wa kulia alikuwa anajibu habari ya riba alipokanyaga shimo. Pondo ikamchoropoka. Mguu wa waya ukasema *tak*. Kiti kikalala ubavu, na mama akaanza kuteleza, polepole, kwa heshima zake zote, kuelekea kwenye tope.

Mikono yangu haikuniuliza. Nilitupa mkoba, nikatupa mwavuli, na nilipopata fahamu nilikuwa nimemdaka mama mkwe wangu mzimamzima, mkono mmoja mgongoni, mmoja chini ya magoti. Hatukuwahi kuwa karibu hivyo. Niligundua ana kidoa kidogo karibu na sikio, mahali palepale alipo nacho mke wangu.

Hakuna aliyepumua. Ilibidi mtu aseme kitu.

"Shikamoo mama," nikasema.

"Marahaba baba."

Kumshusha sikuweza, chini ni tope. Kumrudisha kitini sikuweza, kiti kilikuwa kinazama. Akina mama wa pweza walikuwa wameshika viuno, wanacheka hadi machozi. Mama alitazama upande wa mashua, akatazama upande wa jabali, akafanya hesabu.

"Twende," akasema.

Nikaenda. Kilo zake sizitaji, ni mama wa watu. Niseme tu kwamba kila hatua nilizama zaidi ya baharia yeyote niliyewahi kumwona, na njiani nilimsikia akimtaja Ali bin al-Hasan kwa jina, kwamba angeiacha ile njia yake ya miguu, yote haya yasingetokea. Nahodha alituona tunakuja akavua kofia.

Kijana alipiga picha. Anapiga za wageni wote, ni sehemu ya huduma. Alimtumia mke wangu, na mke wangu, kabla hatujafika gatini Masoko, alikuwa ameshaiweka kwenye kundi la familia la WhatsApp lenye wajomba, mashangazi na baba wadogo wa mikoa mitatu.

Baba mdogo mkubwa alituma ujumbe wa sauti. Alianza kwa kusalimia ukoo mmoja mmoja, akapita kwenye mila, akapita kwa babu, akaishia kwenye mbuzi: dume, asiye na kilema, aletwe na mkwe mwenyewe. Shemeji mmoja akanitetea kwamba mila hiyo ni ya nchi kavu. Shangazi akajibu kwamba kwenye picha hakuna maji. Ikawa kweli, hakuna maji. Wakajadiliana usiku wote kama mbuzi anatosha au aongezwe na shuka.

Mama alikuwa chumba cha pili, nasikia simu yake inalia kila mara. Jina lake likaonyesha anaandika. Likaacha. Likaonyesha tena. Kundi zima likanyamaza kumsubiri.

"MBUZI AACHWE," akaandika. "ALETE TANGI."

Baba mdogo akauliza, kwa unyenyekevu, tangi gani.

"LITA 2000. ASILETE LA 1000."