UUID inalaumiwa bure

Wapo watengeneza programu wanaoiona UUID, kitambulisho cha rekodi ambacho kompyuta yoyote inaweza kujizalishia bila kuuliza seva, kama fujo tupu: alama 36 mahali ambapo 1, 2, 3 zingetosha. Hawasemi uongo. Namba ya kawaida hula baiti 4 au 8, UUID hula 16, na kumsomea mtu UUID kwenye simu ni adhabu. Tena toleo la 4 la UUID, la nasibu, huichosha hifadhidata ya MySQL: InnoDB, sehemu yake inayotunza data, hupanga rekodi kwa kufuata ufunguo mkuu, yaani kitambulisho cha kila rekodi, hivyo kila rekodi mpya hujipenyeza katikati ya zilizopo.

Ila hoja zote hizo zinachukulia kwamba namba hugawiwa na seva moja, na seva hiyo iko hewani saa zote. Tazama OpenMRS, mfumo wa kumbukumbu za wagonjwa ulioanza kubuniwa mwaka 2004, mahitaji yakitoka kwa wagonjwa wa VVU huko Eldoret, Kenya. Zahanati mbili zisizo na intaneti, kila moja ikijihesabia, zote zitampata mgonjwa namba 501. Data zikiunganishwa, yupi abaki na 501? Ukimbadilishia mmoja, inabidi uifuate namba yake kwenye kila ziara, kila kipimo, kila dawa aliyoandikiwa. Ukisahau jedwali moja tu, majibu ya huyu yanasomwa kwa yule, na kompyuta haitalalamika, maana 501 ni namba halali. Hapo baiti 8 za ziada ni bei ya kutupa.

Hofu kwamba UUID nazo zitagongana haina mashiko. Toleo la 4 lina biti 122 za nasibu. Ukizalisha bilioni moja kila sekunde, itachukua miaka 86 hivi uwezekano wa kugongana hata mara moja ufike nusu. (Mradi chanzo cha nasibu kiwe kizuri.)

Lawama ya InnoDB nayo imepungua sana tangu RFC 9562, hati ya viwango vya intaneti ya Mei 2024, irasimishe toleo la 7, linalotanguliza muda ili rekodi zifuatane. Gharama yake: anayeiona UUID anajua rekodi iliundwa lini.

OpenMRS yenyewe haikuchagua upande. Majedwali yake huunganishwa kwa namba za kawaida, programu za nje hupewa UUID, na mgonjwa hubeba namba ya kadi, ambayo inaweza kuwekewa tarakimu ya uhakiki ili karani akikosea kuiandika mfumo uikatae.