Kanisa la Wa:k na Chokaa ya Waliolijenga

Kilomita 15 hivi kusini mwa mji wa Tucson, katika jimbo la Arizona nchini Marekani, juu ya vichaka vya miti ya miiba iliyo jamii moja na mathenge wa kwetu Kenya, hujitokeza kanisa jeupe lenye minara miwili, mmoja una kuba na mwingine hauna. Ndilo San Xavier del Bac, ambalo wenyeji wa jimbo hilo hupenda kuliita Njiwa Mweupe wa Jangwani. Karibu kila anayeliandika hulitaja kuwa kanisa la Wahispania, kisha huendelea na habari za mapadre. Nimeishi jirani nalo kwa miaka kadhaa, na kila ninapoingia humo natoka nikiwa na hakika zaidi kwamba maelezo hayo yana upungufu mkubwa. Imani na mtindo vilitoka Uhispania vikapitia Meksiko, lakini wenye ardhi, wenye nguvu zilizotumika, na waliolifanya jengo hilo lisimame mpaka leo ni watu wa O'odham, wenyeji asilia wa jangwa hilo, wa kijiji cha Wa:k lilipo kanisa.

Mimi ni mtoto wa pwani, na somo wa kanisa hilo nilimjua kabla sijavuka bahari. Fransisko Ksaveri, padre wa shirika la Wajesuiti mzaliwa wa Navarra, alitia nanga Malindi mwaka 1542 akiwa safarini kuelekea Goa, na kikanisa cha Wareno kilichoezekwa makuti, ambacho bado kipo mjini humo, huhusishwa na ziara hiyo. Miaka 150 baadaye, mwaka 1692, Mjesuiti mwingine aitwaye Eusebio Francisco Kino alifika Wa:k akiwa juu ya farasi. Kino alizaliwa karibu na Trento mwaka 1645; ujanani aliugua sana, akaamini kwamba amepona kwa maombezi ya Ksaveri, ndipo akajiongezea jina la Francisco na baadaye akakipa kijiji hiki jina la mtakatifu wake. Wahispania walilitamka Wa:k kuwa Bac. Kwa lugha ya wenyeji jina hilo linahusu mahali maji yanapotokeza, kwa sababu mto Santa Cruz ulikuwa ukizama chini ya mchanga na kuibuka tena hapo, na kwa maji hayo watu walikuwa wakilima mahindi, maharage na maboga tangu zamani, kabla padre yeyote hajafika.

Kino alileta ngano na ng'ombe, na mwaka 1700 aliweka msingi wa kanisa ambalo halikukamilika. Sina nia ya kumvunjia heshima, kwa maana alikuwa msafiri hodari na mchoraji ramani wa kutegemewa. Hata hivyo misheni ilikuwa pia mkono wa dola ya Uhispania. Ilikusanya watu waliozoea kuhama kwa majira na kuwaweka mahali pamoja, ambapo kazi yao ilisimamiwa na ambapo ndui na surua viliwafyeka kwa urahisi. Mwaka 1751 Wa-O'odham wa eneo hilo waliasi, wakiongozwa na Luis Oacpicagigua, mtu ambaye awali Wahispania wenyewe walimpa cheo. Mwaka 1767 mfalme Carlos III aliwafukuza Wajesuiti katika himaya yake yote, na mwaka uliofuata Wafransisko, shirika jingine la kitawa, walishika nafasi yao.

Kanisa tunaloliona leo ni la Wafransisko hao. Padre Juan Bautista Velderrain alikopa peso 7,000 kutoka kwa mfugaji mmoja kwa dhamana ya mavuno ya ngano ambayo yalikuwa bado hayajapandwa, ujenzi ukaanza mwaka 1783, na baada ya kifo chake mrithi wake, Juan Bautista Llorenz, aliuendeleza hadi mwaka 1797. Fundi mkuu anatajwa kuwa Ignacio Gaona. Hayo ndiyo majina yanayorudiwa na kila kitabu cha wageni. Nani walifyatua matofali? Nani walichoma mawe ya chokaa, wakachota maji na kuinua mizigo hadi kileleni mwa kuba kwa miaka 14? Walikuwa Wa-O'odham, na ngano iliyolipia deni ilimwagiliwa maji na kuvunwa kwa mikono yao. Mnara wa mashariki uliachwa bila kuba, na ingawa hadithi zinazosimuliwa ni nyingi, wengi huamini kwamba fedha zilikwisha.

Ukiingia ndani, jicho huchukua muda kuizoea giza. Miti mirefu ya boriti ni adimu jangwani, kwa hiyo paa lote ni matao na kuba za matofali, jengo zima limepigwa lipu ya chokaa, na juu ya chokaa hiyo kila pahala pamepambwa. Ukuta wa madhabahu, ambao katika miji tajiri ya Meksiko ungechongwa kwa mbao na kupakwa dhahabu, hapa umetengenezwa kwa matofali na lipu, ndipo ukapambwa kwa rangi nyekundu kali na karatasi nyembamba za dhahabu na fedha. Nguzo zake ni zile zinazokuwa nyembamba chini na kupanuka juu, zenye vichwa, maua na mikunjo isiyokwisha. Kamba ya Wafransisko, yenye mafundo yake, imefinyangwa kwa lipu na kuzunguka ukuta kama mshipi.

Kinachonivutia zaidi kiko chini zaidi, mahali ambapo wageni hupita haraka. Kuna mlango ambao si mlango. Mchoraji ameuchora ukutani kwa rangi tu, mbao zake na kivuli chake, ili uwiane na mlango wa kweli ulio upande wa pili. Vigae vya kuta za chini si vigae, na marumaru si marumaru. Vyote ni brashi na subira. Wapo wanaosema kuwa huo ni ushahidi wa umaskini wa misheni ya mpakani. Mimi nauona kuwa ustadi wa mtu aliyepewa udongo, chokaa na rangi, akaambiwa atengeneze jumba la kifalme, naye akalitengeneza.

Upande wa magharibi amelazwa Ksaveri mwenyewe, sanamu ya mbao iliyofunikwa shuka. Watu huja kutoka mbali wakabandika kwenye shuka hiyo vipande vidogo vya chuma vyenye umbo la mguu, moyo au jicho, kulingana na maradhi, kisha huinua kichwa cha mtakatifu taratibu kwa viganja viwili. Siku moja nilimwona bibi wa makamo akikiinua na kukishikilia kwa muda mrefu, huku mjukuu wake akimshika pindo la sketi. Nje uwanjani, chini ya vibanda vya miti, akina mama wa O'odham walikuwa wakikaanga mikate juu ya kuni, na moshi wake uliingia hadi mlangoni.

Kuna kipindi ambacho kinapaswa kuandikwa kwa herufi kubwa. Baada ya uhuru wa Meksiko mwaka 1821 Wafransisko wa Kihispania waliondolewa, na kuanzia miaka ya 1830 kanisa lilikaa bila padre mkazi kwa zaidi ya miaka 20. Wanakijiji walivichukua vyombo vitakatifu wakavihifadhi majumbani mwao. Eneo lilipokwisha kununuliwa na Marekani, padre Joseph Machebeuf alipofika mwaka 1859 walivitoa na kumkabidhi. Nashindwa kuelewa kwa nini habari hii huwa sentensi moja tu katika simulizi nyingi, ilhali mkopo wa peso hupewa ukurasa mzima.

Tetemeko la ardhi la mwaka 1887 lilitikisa jengo, nalo likakarabatiwa mwanzoni mwa karne ya 20. Madhara makubwa zaidi, kwa maoni yangu, yaliletwa na watu wenye nia njema. Mafundi wa karne hiyo walipaka sementi juu ya kuta za nje. Sementi haipumui, ilipopata nyufa maji ya mvua yalipenya, yakanaswa ndani ya matofali, na michoro ikaanza kufifia na kubanduka. Nilipoisikia habari hiyo nilishtuka, kwa maana nyumba ya mjomba wangu kule Lamu ilifanyiwa hivyohivyo na fundi mmoja aliyetuahidi kazi ya milele. Kuta za matumbawe zikaanza kutoka jasho, na neru, yaani lipu laini ya chokaa, ya zidaka zile za ukutani iliyodumu vizazi ikamomonyoka kwa misimu mitatu ya masika.

Wa:k walirudi kwenye chokaa. Sementi iliondolewa kwa nyundo na patasi, na chokaa mpya ikachanganywa na ute wa mpungate, mmea wa miiba wa jangwani, kama walivyofanya wazee, kwa sababu ute huo huishikamanisha lipu na kuifanya ikauke polepole. Ndani, wahifadhi wa kimataifa wakiongozwa na Paul Schwartzbaum walianza kusafisha michoro mwaka 1992 na kumaliza mwaka 1997, wakiwafundisha kazi hiyo vijana wa kijijini hapo. Kwa hiyo uso wa malaika uliofunikwa na masizi ya mishumaa ya karne mbili ulifunuliwa na watu ambao huenda mababu zao ndio waliolipiga ukuta huo lipu. Ningependa kibao kilicho mlangoni kiseme hivyo kwanza, kabla ya kumtaja mfalme au padre yeyote, na ningependa waandishi waache kusema kwamba Wahispania walijenga, kana kwamba Wahispania ndio waliobeba matofali.

Nilimtumia mjomba picha za kuta hizo pamoja na maelezo ya jinsi sementi ilivyoondolewa. Wiki iliyopita alinipigia simu. Sementi ya sebuleni imekwisha kubanduliwa, mzee mmoja mwenye ujuzi wa neru amepatikana, na chokaa imo shimoni ikiloweshwa. Mzee amekataa kuigusa mpaka iive.