Fremu ni yako, umeme ni wangu

Jana nilimsindikiza jirani yangu kwenye shauri lake. Tumekaa kwenye benchi tangu saa mbili asubuhi mpaka saa sita mchana, tukaambiwa limeahirishwa. Nimerudi Kijenge, hapa Arusha, na hasira ambazo hata chai haijazipoza.

Huyu dada anauza sato. Ijumaa moja, saa kumi na nusu jioni, mwenye nyumba wake alishusha swichi kubwa, akalifunga boksi la mita kwa kofuli, ufunguo akatia mfukoni. Alikuwa anataka kodi ipande katikati ya mkataba, dada akagoma. Mzigo wa Mwanza alikuwa ameupokea stendi alfajiri hiyohiyo, friza imejaa mpaka mfuniko haufungi vizuri. Akamfuata: shikamoo mzee, naomba uniwashie hata mpaka Jumatatu. Mzee akajibu kwa upole kabisa: "Binti yangu, mimi sijakufukuza. Fremu ni yako mpaka Desemba. Umeme ni wangu."

Ijumaa saa kumi na nusu, mahakama zimeshafungwa mpaka Jumatatu. Huyo mzee hakukosea saa.

Serikali ya mtaa wakasema hayo ni mambo ya mkataba. Kituoni wakasema hiyo ni madai, si jinai. Ewura, wadhibiti wa huduma za umeme na maji? Kule ni kwa mteja na mtoa huduma, na kwenye mita ile mteja ni mzee. Jumapili maji ya samaki yalikuwa yanachuruzika mpaka barazani, paka wa mtaa mzima wamekuja kutoa pole.

Basi tukaenda kwa wakili kuomba zuio la muda kwa hati ya dharura, yaani amri ya haraka ya mahakama umeme uwashwe wakati kesi inaendelea. Hapo ndipo nilipokutana na Atilio dhidi ya Mbowe, kesi ya mwaka 1969, ambayo mpaka leo mwomba zuio yeyote lazima apite mlangoni kwake. Uonyeshe una hoja ya maana ya kusikilizwa. Uonyeshe kuwa bila zuio utapata hasara isiyofidika. Uonyeshe wewe ndiye utakayeumia zaidi kuliko mwenzako. Yote matatu, si mawili.

Hapo pa kati ndipo wafanyabiashara wadogo wanapozikwa. Samaki ana bei kwa kilo, kwa hiyo hasara inahesabika, na inayohesabika inafidika. Zidisha kilo kwa bei, kisha kasubiri hukumu. Hongera sana.

Inafidika kwa nani? Kwa mwenye akiba ya kula miaka miwili. Mtaji wote wa huyu dada ulikuwa mle kwenye friza, na nusu yake ni mkopo wa kausha damu, ambao marejesho yake hayajui neno "ahirisha". Mama ntilie waliokuwa wakichukua samaki kwake walihamia kwingine ndani ya siku tatu. Hao nao uwapigie bei kwa kilo? Sheria ya Ardhi ya 1999 inamtaka mwenye nyumba amwache mpangaji akae kwa utulivu kipindi chote cha pango. Kwa mtu wa friza, umeme ni sehemu ya fremu kama lilivyo bati. Angeng'oa bati, mtaa mzima ungesema amemfukuza. Ameng'oa umeme, tunaambiwa tusubiri hesabu za fidia! Amri ya kwanza iwe ya kuwasha, siku hiyohiyo. Habari ya kodi wabishane taa zikiwa zinawaka.

Sawa, wapo wapangaji wasumbufu. Namjua mmoja Sombetini alichepusha umeme mwaka mzima kisha akahama usiku na balbu zote. Wenye nyumba nao wanalizwa, sikatai. Ila huyu dada hakuwa anadaiwa hata senti.

Na tukisema mita ni ya mzee, tuseme yote. Tangu 2021 kodi ya jengo inakatwa kwenye Luku. Jengo la mzee, tokeni anainunua dada. Siku za kukatwa hiyo kodi sikuwahi kumsikia mzee akisema "umeme ni wangu".

Tena hapa mgomvi ni mzee wa mtaani tu. Ukitaka kuishtaki taasisi ya umma, tangu marekebisho ya 2020 unaanza na notisi ya siku 90. Sato, siku 90. Mawakili mtaniambia kuna maombi ya Mareva, ya kuomba zuio kabla siku hizo 90 hazijaisha. Niambieni na bei yake basi. Na yote haya ni Arusha, mji wenye Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu na ile ya Afrika Mashariki.

Mwezi ujao shauri linatajwa tena. Kutajwa, si kusikilizwa. Friza yenyewe tumeihamishia sebuleni kwangu, wanangu wanaifanyia meza ya homuweki. Tumeisugua kwa ndimu na majivu mara tatu, na bado ukifungua mfuniko, sato wapo.