Seizo Fukumoto: Ufundi wa Kufa na Bei ya Kungoja

Kwenye filamu za samurai macho yetu humfuata stelingi. Anachomoa upanga, maadui kumi wanamzunguka, na kufumba na kufumbua wote wako chini. Seizo Fukumoto alikuwa mmoja wa wale kumi. Aliingia studio za Toei mjini Kyoto mwaka 1958 akiwa kijana wa miaka 15, na kwa zaidi ya nusu karne kazi yake kubwa ilikuwa kukatwa upanga na kufa. Wajapani huiita kazi hiyo kirareyaku. Yeye walimpa lakabu ya mtu aliyeuawa mara 50,000.

Hesabu hiyo haina daftari. Ukiigawa kwa miaka 50 unapata vifo 1,000 kwa mwaka, karibu vitatu kila siku bila mapumziko. Lakini lakabu haimwangukii mtu bure, na ukimtazama Fukumoto akifa mara moja tu unaelewa ilikotoka. Upanga unapita. Anakakamaa, macho yanamtoka, halafu mgongo unaanza kupinda kwenda nyuma, unapinda tena, mpaka uso wake uliogeuka juu chini unaikabili kamera. Hapo ndipo anapoanguka. Mtindo huo una jina, ebizori, yaani kupinda kama kamba, yule wa baharini. Adui asiye na jina alikuwa ameiba sekunde mbili za filamu, na mtazamaji hamsahau.

Wanaomsifu wana hoja nzito. Upanga wa kuigizia kwa kawaida ni kipande cha mwanzi kilichofunikwa karatasi inayong'aa, haukati kitu. Anayeufanya uonekane mkali ni yule anayekatwa. Akiwahi kuanguka, stelingi anaonekana amekata hewa. Akichelewa, stelingi anaonekana hana nguvu. Kwa hiyo ushujaa wote unaoushangilia unabebwa mgongoni na mtu ambaye hata hukumbuki sura yake. Kwa mtazamo huu Fukumoto hakuwa pembeni ya sanaa hata siku moja. Alikuwa nguzo yake.

Nami hoja hiyo naikubali. Kinachonikera ni inayofuatia: kwamba uvumilivu wake ni mfano wa kuigwa, kwamba alitulia, akafanya kazi, na mwisho akaonekana. Tuangalie huko kuonekana kulikuja lini. Mwaka 2003, akiwa na miaka 60, Hollywood ilimpa nafasi ndani ya The Last Samurai, kama mlinzi anayemfuata Tom Cruise kila hatua karibu bila kusema neno. Uhusika mkuu wa kwanza aliupata mwaka 2014, kwenye filamu ya Uzumasa Limelight, akiwa na miaka 71. Mwaka huohuo tamasha la filamu la Fantasia mjini Montreal, Kanada, likampa tuzo ya mwigizaji bora wa kiume. Alifariki tarehe 1 Januari 2021 akiwa na miaka 77. Piga hesabu mwenyewe: miaka 56 ya kungoja.

Waigizaji wa daraja lake waliitwa watu wa obeya, chumba kikubwa, kwa sababu walivalia pamoja kwenye chumba kimoja huku mastaa wakiwa na vyumba vyao. Chumba hicho kilikuwa shule, sikatai. Mkongwe alimfundisha mgeni namna ya kuanguka bila kuvunja shingo. Ila chumba hichohicho kiliiwezesha studio kuwa na mafundi wa hali ya juu tele, bila kulazimika kuandika majina yao kwenye bango. Anayesifu uvumilivu wa mfanyakazi ajiulize nani amefaidika nao.

Wapo wanaosema angepewa uhusika mkuu mapema tungeikosa ebizori. Sidhani. Ufundi ulihitaji miaka, kweli, lakini si hamsini na sita. Kuna wakati kungoja kulikoma kumfundisha kitu, kukabaki kungoja tu. Na soko lenyewe halikumsubiri: Mito Komon, tamthilia ya samurai iliyoanza kurushwa mwaka 1969, ilifungwa mwaka 2011, na kazi za wanaokatwa upanga zikazidi kupungua. Heshima ilimfikia nyumba ikiwa inabomolewa.

Uzumasa Limelight yenyewe inalijua hilo. Fukumoto anaigiza mzee wa kirareyaku ambaye kipindi chake kimefutwa, naye anamfundisha binti mmoja upanga. Binti huyo anapanda hadi kuwa staa. Mzee anarudi studio mara moja ya mwisho, na safari hii anayemkata ni mwanafunzi wake. Anakakamaa, mgongo unapinda, uso unageukia kamera ileile. Tofauti ni kwamba kamera sasa inamfuata yeye.