Klipu Mliyoiona Imekatwa Mwanzo

Jamani, klipu imeshafika grupu la ukoo, na shangazi anauliza tangu lini nimeanza kujikojolea. Yale ni maji ya kisima! Rafiki yangu aliyeisambaza kakata mwanzo makusudi, kwa hiyo nisikilizeni mimi.

Jumapili nilikuwa naangalia kwenye simu ile sinema ya ndugu Lumière wa Ufaransa, ya 1895. Mtunza bustani anamwagilia, kijana mtundu anamnyemelea nyuma, anakanyaga mpira, maji yanakata. Mzee anachungulia mdomo wa mpira, kijana anatoa mguu, pwaa usoni! Sinema nzima haifiki dakika moja. Mimi nikaikatisha hapo hapo, maana dirishani nilimwona baba mdogo anamwagilia mchicha. (Mnaojua inavyoisha mlikuwa wapi?)

Nikampa rafiki simu arekodi. Nikanyata. Nikakanyaga.

Hapa twende polepole. Maji yakakata. Baba mdogo akautikisa mpira. Akaugeuza. Akaanza kuinama achungulie, vile vile kama kwenye sinema, na mimi kicheko kimenijaa mashavuni. Nikasikia "fyuuu" chini yangu. Nyuma kidogo ya kisigino kulikuwa na kiungo, kile nilichokifunga mwenyewe kwa ukanda wa tyubu ya baiskeli nikaapa kitashika. Mota ya kisima inasukuma tu. Kiungo kinavimba kama koo la chura. Nakiona. Mguu umegoma kutoka.

Pwaa! Si usoni, wenzangu. Kwenye zipu. Suruali ya kaki, niliyoipigia pasi kwa ajili ya kikao cha harusi saa kumi.

Baba mdogo, mkavu kabisa, akautazama mpira wake, akaitazama suruali yangu.

"Na wewe mwanangu, unamwagilia nini huko?"

Nikakimbia, nikateleza, nikashikwa sikio. Nina miaka 31 na kitambi. Na rafiki yangu, Mungu anamwona, anapaza sauti: "Mzee, mrudishe huku kidogo, hapo mwembe unamkinga!" Nikarudishwa. Nikachapwa makofi mawili ya makalio. Kikao sikwenda.

Usiku nikaimalizia ile sinema. Mzee anamkimbiza kijana, anamkamata, anamburuta mpaka mbele ya kamera ndipo anamchapa. Ila ile haina sauti. Yangu inayo, na hiyo "mamaaa" mnayoisikia si ya mtoto wa jirani kama nilivyowaandikia kwenye grupu.